MAFURIKO HUSHINDWA WAKATI WA KIANGAZI

Mji wa Kampala umejengwa juu ya vilima, lakini maisha ya wengi wa wakazi wake yamo mabondeni. Mvua kubwa ikinyesha kwa saa mbili tu, maji ya vilima vya katikati ya mji hukutana katika mfereji wa Nakivubo, na mfereji huo, kabla ya kuingia katika kinamasi na hatimaye katika Ziwa Victoria, hupita kando ya Namuwongo. Usiku wa mvua kama hiyo huamsha watu wa aina mbili: mwananchi ambaye nyumba yake imeingiwa na maji, na askari aliyeitwa kwenda kumwokoa. Makala haya yanaelekezwa kwa huyo wa pili, ingawa yameandikwa kwa ajili ya yule wa kwanza.

Tarehe 26 Machi 2025 mvua ya namna hiyo iliikumba Kampala. Barabara ziligeuka kuwa mito, magari yakazama, maduka ya katikati ya mji yakajaa maji, na watu wasiopungua saba wakapoteza maisha. Kama ilivyo desturi, siku chache za simanzi zilifuatwa na siku nyingi za kulaumiana. Wako waliosema kwamba ni kudura ya Mwenyezi Mungu, na kwamba mvua haina mwenyewe. Wako waliosema kwamba dunia imeongezeka joto, hata theluji za milimani zinayeyuka na kujaza mito, nasi hatuna la kufanya. Kauli hizo mbili zinafanana katika jambo moja: zote zinamruhusu mtu akae kitako akingoja mvua ipite.

Yafaa tuzipime kauli hizo kwa mizani ya ukweli. Na kwa kuwa habari ya theluji haiihusu Namuwongo, ambayo haipokei hata tone moja la maji ya mlima wenye barafu, hatuna budi kuiacha Kampala kwa muda na kwenda Kasese, chini ya milima ya Rwenzori. Huko ndiko Uganda inakopatikana mito inayotoka kwenye theluji, na huko ndiko tutakapopata funzo la kurudi nalo Namuwongo.

Mto Nyamwamba na hasira yake

Mto Nyamwamba hutelemka kutoka Rwenzori, ukapita katika bonde jembamba la Kilembe, ukaingia mjini Kasese na kuelekea Ziwa George. Kilele cha Margherita, kilicho kirefu kuliko vyote katika milima hiyo, kina kimo cha mita 5,109. Mji wa Kasese uko chini kabisa, kwenye kimo cha mita elfu moja hivi. Maji yanayoshuka kutoka juu kiasi hicho, katika umbali mfupi kiasi hicho, hayatembei; hukimbia.

Tarehe 1 Mei 2013, baada ya siku kadhaa za mvua, Nyamwamba ulivunja kingo zake. Watu wanane walikufa na maelfu wakabaki bila makao. Madaraja yalibebwa, na majabali makubwa kuliko lori yalisukumwa hadi katikati ya makazi yaliyojengwa zamani kwa ajili ya wafanyakazi wa mgodi wa shaba wa Kilembe. Mwaka uliofuata mto ulifurika tena. Mwezi Mei 2020, wakati nchi nzima ilikuwa imefungwa kwa sababu ya ugonjwa wa korona, Nyamwamba pamoja na mito jirani kama Mubuku na Nyamugasani ilifurika kwa pamoja, na hospitali ya Kilembe, ambayo tayari ilikuwa imeharibiwa mwaka 2013, safari hii ikabomolewa kiasi cha wagonjwa kuhamishwa.

Je, ni theluji iliyoyafanya hayo? Mwaka 1906, msafara wa mwana wa kifalme wa Italia, Duke wa Abruzzi, ulipopanda na kuchora ramani ya Rwenzori, barafu ya kudumu ilikutwa katika milima sita ya safu hiyo: Stanley, Speke, Baker, Emin, Gessi na Luigi di Savoia. Eneo lake lilikadiriwa kuwa kiasi cha kilomita za mraba saba. Mwanzoni mwa karne hii ya 21 eneo hilo lilikuwa limepungua hadi kiasi cha kilomita moja ya mraba tu, na barafu ilikuwa imebaki katika milima mitatu pekee. Tangu wakati huo imezidi kupungua.

Kupungua huko ni hasara kubwa, na ni ushahidi kwamba hali ya hewa ya dunia inabadilika. Lakini hesabu ni hesabu. Wataalamu waliopima maji ya mto Mubuku, katika utafiti uliotolewa mwaka 2009, waligundua kwamba maji yatokanayo na barafu inayoyeyuka hayakufikia hata asilimia mbili ya maji yote ya mto huo unapofika chini ya mlima, iwe ni wakati wa mvua au wa kiangazi. Sehemu kubwa ya maji hutokana na mvua inayonyesha katika ukanda wa misitu na vichaka vya mlimani, chini ya barafu. Katika nchi kama Pakistani, ambako milima ya Himalaya na Karakoram ina barafu nyingi mno, theluji inaweza kweli kuchangia katika kuujaza mto mkubwa. Kwetu sisi, theluji imesingiziwa.

Mbale ni shahidi wa pili. Mlima Elgon hauna theluji ya kudumu. Hata hivyo, usiku wa kuamkia tarehe 31 Julai 2022, mito ya Nabuyonga na Namatala ilifurika mjini Mbale na kuua watu zaidi ya ishirini, wengi wao wakiwa ndani ya magari na nyumba zilizokuwa karibu na mito. Mto usio na theluji uliua wengi kuliko ule wenye theluji.

Wahalifu wa kweli

Kama theluji haina hatia, basi tuwatafute wahusika. Wa kwanza ni mvua kubwa, na huyo hatuwezi kumkamata. Lakini hakutenda peke yake. Mwaka 2012, yaani mwaka mmoja kabla ya mafuriko ya Kilembe, moto uliteketeza uoto wa sehemu za juu za bonde la Nyamwamba. Udongo uliobaki uchi haukuweza tena kunywa maji kama sifongo. Maji yalitelemka yote kwa pamoja. Kisha kingo zikaporomoka, zikaujaza mto mawe na magogo. Mto uliojaa mawe hupoteza kina chake, na mto usio na kina hutafuta njia nyingine. Isitoshe, mabaki ya uchimbaji wa shaba, ambao ulianza kushamiri mwaka 1956 reli ilipofika Kasese, yalikuwa yamerundikwa kando ya mto, nao ukayazoa. Mwisho kabisa, watu walikuwa wamejenga na kulala mahali ambapo mto umekuwa ukipita tangu enzi za mababu.

Tukiyatazama mambo hayo kwa utulivu, tunaona kwamba msiba wa Mei 2013 haukuanza mwezi Mei. Ulianza siku moto ulipowashwa, siku mawe yalipoachwa mtoni, na siku nyumba ilipojengwa ukingoni. Hiyo ndiyo maana ya kichwa cha makala haya. Mafuriko hayashindwi usiku wa mafuriko. Usiku huo kazi iliyobaki ni kuokoa tu. Mafuriko hushindwa wakati wa kiangazi, jua linapowaka na hakuna anayeyakumbuka.

Turudi Namuwongo

Sasa tuupeleke uchunguzi huo Namuwongo. Hakuna mlima wala majabali huko, lakini mwenendo wa maji ni ule ule. Mahali pa msitu ulioungua juu ya Kilembe, Kampala ina mabati, saruji na lami. Kila kiwanja kinachofunikwa juu ya kilima huondoa ardhi iliyokuwa ikinywa maji, na maji yale hupelekwa bondeni upesi kuliko zamani. Mahali pa majabali, Kampala ina takataka: mifuko ya plastiki, chupa na mchanga wa barabarani, ambavyo huujaza mfereji na kuziba makalvati. Mfereji wa Nakivubo uliwahi kupanuliwa na kujengwa upya kwa gharama kubwa miaka michache kabla na baada ya mwaka 2000. Lakini mfereji mpana ulioachwa ujae taka ni sawa na bunduki nzuri iliyoachwa ijae kutu.

Upande wa chini hali ni hiyo hiyo. Kinamasi cha Nakivubo, chenye mafunjo, kilikuwa kikipokea maji ya mji, kikayapunguza kasi na kuyachuja kabla ya kuyafikisha katika ghuba ya Murchison. Leo sehemu kubwa imelimwa magimbi na miwa, na nyingine imefukiwa kwa majengo. Wala isidhaniwe kwamba hilo ni jambo la watu wa Namuwongo peke yao. Katika ghuba hiyo hiyo ndimo mitambo ya Ggaba inamochota maji ya kunywa ya Kampala, pamoja na yale yanayojaza matangi ya kambi na vituo vyetu.

Aidha, ziwa lenyewe limekuwa likipanda. Mwaka 2020 maji ya Ziwa Victoria yalifikia kimo ambacho kilikuwa hakijaonekana tangu mwaka 1964, na mwaka 2024 yakakivuka. Ziwa likijaa, maji ya mfereji hukosa mteremko wa kutosha wa kushukia. Hukawia, hujikusanya, na kurudi nyuma kwenye nyumba za watu.

Ipo pia reli. Inapita Namuwongo juu ya tuta, na maji hupita chini yake katika matundu machache. Yaliyotokea Mai Mahiu nchini Kenya tarehe 29 Aprili 2024 yawe onyo kwetu. Usiku huo maji yaliyokuwa yamezuiwa nyuma ya tuta la reli, baada ya tundu la chini yake kuzibwa na takataka na magogo, yalilipasua na kufagia vijiji. Watu zaidi ya arobaini walikufa. Tundu lililozibwa chini ya reli ni bwawa ambalo halikujengwa na mhandisi yeyote, na bwawa la namna hiyo halina mlinzi.

Kwa nini watu hawahami?

Askari wengi waliokwenda kuokoa watu wakati wa mafuriko wamejiuliza: kwa nini watu hawa hukaa hapa, na kwa nini hawaondoki hata wanapoonywa? Mwuliza swali asiharakishe kujibu kwamba ni ujinga au ukaidi.

Watu wanakaa Namuwongo kwa sababu eneo la viwanda liko karibu, mtu aweza kwenda kazini kwa miguu, na kodi ya chumba bondeni ni ndogo kuliko ya kilimani Muyenga. Mwezi Julai 2014 nyumba na vibanda vilivyokuwa katika eneo la reli vilibomolewa. Sheria ilikuwepo, na reli ilihitaji nafasi yake. Lakini waliobomolewa bila kuwa na mahali pengine hawakutoweka. Walikwenda hatua chache bondeni, karibu zaidi na maji. Binadamu aliyesukumwa bila kuonyeshwa njia hufanya kama maji yanavyofanya: hujipenyeza mahali palipo chini zaidi.

Na kwa nini hawaondoki wanapoonywa? Sababu ya kwanza ni mali. Godoro, cherehani, jiko na televisheni ndiyo akiba yote ya maisha yao, nao wanajua kwamba wezi hawaogopi mvua. Sababu ya pili ni nzito zaidi, nayo inatuhusu moja kwa moja. Mwananchi huyatazama mavazi ya anayemwambia ahame. Kama kila alipoyaona mavazi yale yalikuja pamoja na tingatinga, basi usiku wa mvua atakapoamriwa atoke, atadhani kwamba ni hila ya kumbomolea. Atafunga mlango. Na mlango uliofungwa maji yakiwa nje ndio unaoua.

Hapo ndipo penye kiini cha jambo. Kati ya onyo na kuhama upo muda fulani, na roho za watu zimo ndani ya muda huo. Vyombo vya hali ya hewa vyaweza kutabiri, redio zaweza kutangaza, lakini muda huo hufupishwa na imani peke yake. Mfano mzuri ni nchi ya Bangladesh. Mwaka 1970 kimbunga na mafuriko ya bahari viliua huko watu wanaokadiriwa kufika laki tatu au zaidi. Tangu mwaka 1972 nchi hiyo, ingawa ilikuwa maskini, iliandaa maelfu ya watu wa kujitolea wa vijijini, wanaojulikana kwa majina na majirani zao, wapeleke maonyo nyumba kwa nyumba, na baadaye ikajenga makimbilio. Safari ilikuwa ndefu, na kimbunga cha mwaka 1991 bado kiliua zaidi ya laki moja. Lakini kile kikali cha mwaka 2007 kiliua elfu tatu na ushei. Bahari ilikuwa ile ile, na pwani ile ile. Ila safari hii mtu aligongewa mlango na mtu anayemwamini.

Wajibu wa askari

Katiba ya Uganda ya mwaka 1995, kifungu cha 209, inalitaja waziwazi jukumu la Jeshi la Ulinzi la kushirikiana na mamlaka za kiraia wakati wa dharura na maafa ya kimaumbile. Kifungu hicho hicho kinataja pia kujenga maelewano kati ya jeshi na raia. Kifungu cha 212 kinaipa Polisi kazi ya kulinda maisha na mali. Kwa hiyo kuokoa watu wakati wa mafuriko si hisani wala kazi ya ziada. Ni amri ya sheria kuu ya nchi. Historia nayo inaonyesha kwamba tunaweza. Baada ya maporomoko ya Bududa ya mwaka 2010, askari walichimba kwa majembe na mikono wakitafuta waliofukiwa. Na mwaka 2019 familia za kwanza za watu wa milima ya Elgon zilihamia Bunambutye, wilayani Bulambuli, katika nyumba zilizojengwa na mafundi wa majeshi yetu. Kujenga kule kulikuwa ni kuokoa pia, tena kuokoa kulikofanywa mapema.

Afisa mwanafunzi hufundishwa, kabla ya kufundishwa mengi mengine, kuisoma ardhi: wapi kuna kilima, wapi kuna bonde, njia ya kuingilia na njia ya kutokea. Askari aliyepangiwa Namuwongo aisome ardhi yake vivyo hivyo wakati wa kiangazi. Ajue ni makalvati yapi huziba, ni njia zipi hupanda Kisugu na Muyenga bila kuvuka mfereji, na ni shule au nyumba ipi ya ibada yaweza kuwapokea watu usiku. Pamoja na mwenyekiti wa LC, aijue orodha ya wazee, wagonjwa, vilema na akina mama wenye watoto wachanga, maana hao ndio maji huwakuta kwanza. Mfereji unapozibuliwa, askari naye ashike koleo. Jasho lililomwagika pamoja wakati wa jua hukumbukwa wakati wa mvua.

Usiku wa tukio, nidhamu ndiyo silaha. Maji yanayokwenda kasi, hata yakiwa ya kimo cha magoti tu, humwangusha mtu mzima. Na gari dogo huanza kuelea kabla maji hayajafika dirishani. Asiingie mtu majini bila kamba na bila mwenzake kumshikilia. Umeme ukatwe kwanza, kwa kuwa katika mitaa yenye nyaya za kuungaunga maji hubeba kifo kisichoonekana. Na polisi wachache wawekwe kulinda nyumba zilizoachwa. Mwananchi akijua kwamba mali yake inalindwa, ataondoka upesi. Mlinzi mmoja mwaminifu katika uchochoro huokoa watu wengi kuliko vipaza sauti kumi.

Maji yakiisha kupungua, hatari haijaisha. Vyoo vya bondeni hufurika, na kipindupindu hufuata nyayo za mafuriko. Maji ya kunywa yachemshwe, na maiti zishughulikiwe kwa heshima. Kisha yaandikwe yaliyotokea: maji yalifika wapi, kalvati gani liliziba, onyo lilitolewa saa ngapi, na watu walitoka saa ngapi. Taarifa hiyo ndiyo ramani ya vita vinavyofuata.

Liko jambo moja gumu ambalo haifai kulikwepa. Vinamasi ni lazima vilindwe, na siku nyingine askari huyu huyu atapewa amri ya kuwasindikiza wanaobomoa, kama ilivyotokea katika kinamasi cha Lubigi mwaka 2024. Atatii, kwa kuwa ni askari. Lakini namna ya kutii ni nyingi. Ilani na itolewe mapema, mtu apewe muda wa kutoa vyombo vyake, mzee asaidiwe kubeba kitanda chake, asitukanwe mtu, wala kisipotee kitu. Na wenye mamlaka ya kuamuru ubomoaji wakumbuke kutaja pia mahali pa kwenda. Kwani kinyume cha hapo askari huyo atawaokoa watu wale wale, katika maji yale yale, mwaka ujao. Sheria iwahusu pia wenye nguvu. Maskini akiona kibanda chake kinabomolewa na ghala la tajiri katika kinamasi hicho hicho linaachwa, hataiamini sheria wala aliyetumwa kuitekeleza.

Theluji ya Rwenzori inaweza kwisha yote, na mito itaendelea kufurika. Mvua za Machi zitakuja Namuwongo kama zilivyokuja kwa mababu, pengine kwa nguvu zaidi. Hatuwezi kuzizuia. Lakini tundu lililo chini ya reli laweza kuzibuliwa mwezi Januari, orodha ya wazee yaweza kuandikwa mwezi Februari, na jina la askari wa zamu laweza kujulikana katika kila uchochoro kabla ya wingu la kwanza. Usipoziba ufa, utajenga ukuta. Na Namuwongo kuta nyingi ni za udongo.